Chupa ya Bluu Iliyovuka Mpondwe

"Niandikieni kwenye karatasi vitu vyote vilivyomo ndani ya dawa, nifungieni chumbani na kompyuta yangu, nami nitawatajia rangi ya dawa hiyo kabla jicho langu halijaiona."

Gorret, mwalimu wa kemia, aliyasema hayo kwenye redio moja ya Kasese, saa tano asubuhi, wiki ya sayansi, watu wakiwa wameamka na hawana kazi nyingine ila kusikiliza. Simu ya kwanza ilitoka Hamukungu. Mwanamume mmoja akamwomba mwalimu ataje rangi ya gambuti alizovaa. Simu ya pili ilikuwa ya mama wa Kitswamba, akitaka kujua kama kompyuta hiyo inaweza kutaja rangi ya mtoto kabla hajazaliwa, maana nyumbani kwao kulikuwa na ubishi. Gorret akajibu bila kupepesa macho. Gambuti zinahitaji orodha ya vilivyomo, na mwenye gambuti hajaileta. Kuhusu mtoto, orodha ipo, ila mama peke yake ndiye anayeijua yote. Mtangazaji alilazimika kuweka wimbo.

Kibaya cha majigambo hayo ni kwamba yalikuwa kweli.

Gorret ni binti wa Yosamu, mkulima wa mahindi kule Karusandara, mtu ambaye hadi leo akiulizwa mwanawe alisomea nini anajibu, "Mambo ya rangi," na watu humpa pole wakidhani binti anapaka nyumba. Hayuko mbali sana na ukweli. Atomi ya kobalti, metali aliyoisomea Gorret, ni kama nyumba ya kupanga. Upande wa nje ina vyumba vitano na wapangaji saba, nao ndio elektroni, na sheria ya nyumba hairuhusu zaidi ya wawili katika chumba kimoja. Nyumba ikiwa peke yake porini, vyumba vyote vitano vina kodi moja. Lakini nani aliwahi kupanga mahali pasipo na majirani? Wakija majirani wanne wakaizunguka, vyumba vingine vinapanda kodi na vingine vinabaki chini. Wakija sita, tofauti inakuwa kubwa zaidi. Sasa mwanga ukipita hapo, mpangaji wa chini hunyakua kipande cha mwanga kinachotosha ile tofauti ya kodi na kuhamia juu. Kipande hicho hakionekani tena upande wa pili. Kinachobaki ndicho sisi tunachokiita rangi. Kobalti yenye majirani wanne wa kufaa hula mwanga wa chungwa na nyekundu, nayo inaonekana bluu. Kobalti iliyozungukwa na maji sita hula kijani, na inaonekana waridi iliyopauka, kama soda iliyowekewa barafu nyingi.

Tofauti hiyo ya kodi hujulikana kwa njia mbili. Unaweza kuikokotoa, kompyuta ikapiga hesabu za wapangaji wote saba na majirani wao mpaka ikatoa namba. Au unaweza kuipima, ukapitisha mwanga ndani ya dawa yenyewe na mashine ikakuchorea ni kipande kipi kimeliwa. Anayekokotoa bila kupima, Profesa Kiiza alikuwa akiwaambia wanafunzi wake wa chuo kule Mbarara, Gorret miongoni mwao, anaomba dua tu. Anayepima bila kukokotoa anapiga picha za watu asiowajua majina.

Gorret alikuwa wa kukokotoa. Wa kupima alikuwa Xavier.

Xavier alitoka Butembo, upande wa pili wa mpaka, Mkatoliki wa kwenda misa hata siku ambazo padre mwenyewe angependa kulala. Alivuka kuja kusoma, akakaa Mbarara miaka mitatu. Lugha yao ya nyumbani ilikuwa moja; Uganda inaitwa Lhukonzo, kwao inaitwa Kinande, na mwenye kutaka kuzitofautisha apewe muda na posho. Wakielewana walizungumza hiyo. Wakigombana walihamia Kiswahili, kwa sababu kila mmoja alitaka kugombana katika lugha ambayo mama yake hakumfundishia adabu.

Mtu wa kawaida hupenda uso, au sauti. Gorret alipenda mikono, tena ikiwa kazini. Dawa inayopimwa hutiwa ndani ya kikombe kidogo cha kioo, chembamba kama kidole, na alama ya kidole au tone la maji likibaki pale, mashine inapima uchafu wako na kukuletea matokeo ya uchafu wako. Xavier alikishika kwa pande zile mbili zisizopitisha mwanga. Alikisuuza kwa spiriti, akakipangusa mara tatu kwa karatasi laini, akakiinua dirishani, akakipangusa ya nne. Hakuna aliyeruhusiwa kumsaidia. Alasiri moja Gorret alisimama mlangoni na daftari lake akiangalia ile ya nne, akasahau alichokuwa amefuata.

Masomo yakaisha. Xavier akarudi Butembo kufundisha katika chuo chenye mashine moja ya kupima mwanga, kuukuu lakini hai. Gorret akapata kazi ya kufundisha kemia Bwera, kwenye sekondari ambayo paa la maabara yake linajua kila mvua inayoshuka kutoka Rwenzori. Kabla ya kuachana waliwekeana ahadi moja. Gorret atabuni kampaundi ya kobalti ambayo hakuna kitabu kilichoiandika, akokotoe namba yake na kuitengeneza. Xavier ataipima. Namba mbili zikikaribiana, atavuka mpaka aje Bwera, wakae meza moja, waandike. Hakusema atakuja kuandika nini zaidi ya hiyo ripoti. Na Gorret, mwenye mdomo wa kujibu redio nzima, hakuuliza.

Kampaundi ilikuwa na majirani wanne: klorini wawili, na wawili ambao Gorret aliwaunda mwenyewe kwa likizo mbili. Kompyuta aliiweka juu ya matofali ili ipumue, akaiunga kwenye betri ya sola kwa sababu umeme wa Bwera huja kama mgeni wa heshima, ukipiga hodi tayari uko njiani kuondoka. Hesabu ikaenda siku kumi na moja. Siku ya kumi na mbili, wakati wa mapumziko ya saa nne, namba ikatoka: nanomita mia sita thelathini na nne. Chungwa linaliwa. Bluu itabaki. Akaandika kwenye karatasi, akaweka tarehe, na ndipo akachanganya dawa. Ikawa bluu kiasi kwamba wanafunzi wa kidato cha pili walinyamaza, jambo ambalo halijawahi kutokea tena.

Sasa, mashine ya kupima ipo Mbarara pia. Barabara ni ya lami. Hakuna anayekuomba pasipoti. Jonan, mwalimu wa fizikia aliyeketi naye meza moja ya walimu, alimkumbusha hilo kwa upole wa mtu anayechokonoa kidonda kwa njiti.

"Madam, ile machine ya Mbarara ni mgonjwa?"

"Ni nzima."

"Basi ni watu wa Mbarara ndio wagonjwa."

Gorret akasema mashine ya Butembo anaiamini zaidi. Jonan akasema ndiyo, hata yeye angekuwa mashine ya Butembo angejisikia vizuri. Shule nzima ilijua, mpishi pamoja naye. Gorret alipokausha spiriti ya kuyeyushia dawa yake kwa chokaa iliyochomwa kisha akaipika upya ili isibaki na tone la maji, Jonan alichungulia maabara na kuuliza kama serikali imeruhusu shule kupika pombe ya waragi, na kama walimu wa fizikia wana fungu. Gorret hakucheka. Maji ndiyo adui. Kampaundi ile ikikutana na maji, maji sita yanausukuma mlango, yanawafukuza majirani wanne, na kobalti inabaki kobalti ya kila mtu, waridi, iliyo kwenye kila kitabu cha shule.

Kupeleka unga mkavu kungekuwa na akili zaidi. Lakini unga wa rangi katika kikaratasi, mpakani Mpondwe, ni kesi; maji ya rangi ndani ya chupa ni dawa ya kikohozi. Akaiyeyusha ndani ya ile spiriti kavu, akaijaza nusu chupa ndogo, akaacha nafasi kwa ajili ya joto la njiani, akafunga kwa utepe.

Wa kuibeba alikuwa Jeanine. Jeanine ni mama mdogo wa Xavier, mfanyabiashara wa vitenge na sabuni, mwanamke anayevuka mpaka kila siku ya soko na ambaye askari wa pande zote mbili humwita mama kwa sababu anawajua mama zao. Kwa Gorret alishaamua zamani. Alikuwa anamwita "muke wetu" mbele ya wateja. Akaipokea chupa, akaiviringisha ndani ya kitenge, akaitia katikati ya mzigo. Gorret akamwagiza isipigwe jua, isitikiswe, isifunguliwe ila mpakani wakilazimisha. Jeanine akaitikia yote kama anavyoitikia misa.

Magari ya kutoka Kasindi, ng'ambo ya mpaka, kwenda Beni hungoja msafara wa jeshi, kisha kuna Butembo yenyewe. Siku tisa zikapita. Gorret alifundisha asidi na besi akiwa na simu mfuko wa kulia. Jumatatu asubuhi ikatetemeka. Xavier alikuwa amepiga picha ya mchoro wa mashine, mstari mmoja unaopanda mlima na kushuka, na juu ya kilele aliweka alama ya msalaba kwa penseli kama kawaida yake. Pembeni aliandika tarehe, na joto la chumba, digrii ishirini na mbili. Chini ya msalaba: mia tano na kumi na mbili.

Gorret hakuhitaji kitabu. Hiyo ndiyo namba ya kobalti ndani ya maji.

Mahali fulani maji yaliingia, wote wawili walilijua hilo tangu sekunde ya kwanza, na ndipo ugomvi ulipopata pa kukaa. Xavier aliandika kwa adabu kwamba huenda spiriti haikukauka vizuri, atume nyingine. Gorret, aliyekesha siku mbili na chokaa, aliyesemwa na Jonan, aliyesubiri miezi kumi na nne tangu ile ahadi, akajibu papo hapo, kwa Kiswahili:

"Spiriti yangu ilikuwa kavu. Kikombe chako ndicho kilikuwa na maji. Siku hizi hukipangusi?"

Baada ya saa nzima Xavier akajibu: "Nilipima kile ulinituma."

Gorret angeishia hapo. Mtu yeyote angemshika mkono aishie hapo. Lakini mdomo ule wa redio ulikuwa haujapata kufunzwa kurudi nyuma, ukaongeza kwamba labda huko Butembo wamezoea kupima maji. Alama mbili za bluu zikatokea chini ya ujumbe. Amesoma. Hakujibu siku hiyo, wala wiki hiyo.

Alikuwa ameyatukana mambo yote ya dunia akaona hayatoshi, akaenda kuitukana ile mara ya nne ya kupangusa.

Kumkumbuka mtu kuna aina nyingi, na Gorret alipata aina ya kisayansi. Aliufungua mchoro ule kila siku baada ya kipindi cha mwisho, walimu wengine wakiwa wameshaondoka, akaukuza mpaka msalaba wa penseli ukajaa kioo. Alijua Xavier alisimama upande gani wa mashine, kwa vile msalaba uliinama kidogo kushoto. Alijua alinoa penseli kwanza. Digrii ishirini na mbili. Alijua joto la chumba alichokuwamo, asijue kama alikuwa amekula, kama bado alikohoa wakati wa vumbi, kama alisoma ule ujumbe akiwa amesimama au ameketi. Wakati mwingine aliiambia simu kwa Lhukonzo, taratibu, kwamba haikuwa kikombe. Halafu akaandika, akafuta. Kiburi ni kama kobalti, majirani wakishakizunguka hakihami kwa kusukumwa kidogo. Na kila siku aliyofuta, alijua kuna barua nyingine mezani kwa Xavier: chuo kimoja cha Kisangani kilikuwa kinamtaka. Alishamwambia mapema mwaka huo, kwa mzaha usiokuwa mzaha, kwamba namba zikikubaliana atakuja Bwera, zisipokubaliana atakwenda Kisangani, kwani mtu hawezi kuzeeka akingoja nanomita.

Akakokotoa upya. Siku kumi na moja nyingine juu ya matofali. Mia sita thelathini na nne. Kompyuta haikuwa na huruma hata ya kudanganya kidogo.

Jonan, ambaye alikuwa na moyo chini ya ulimi, aliacha utani kwa mwezi mzima. Hiyo ndiyo iliyomtisha Gorret kuliko kitu kingine.

Ijumaa moja ya Agosti akashuka sokoni Mpondwe kutafuta viatu vya mahafali ya shule, na kitenge cha kwanza alichokiona kilikuwa begani kwa Jeanine. Hawakuwa wameonana tangu siku ya chupa. Barabara ya upande ule ilikuwa imefungwa wiki kadhaa, na Jeanine alikuwa amekwama kwa dada yake Beni. Akamkumbatia, akamketisha juu ya gunia la sabuni, akamwagizia chai, akamlaumu kwa kukonda. Kisha akasogea karibu kama mtu mwenye siri ya kumkosoa mkwe.

"Muke wetu, miye nilikuwa na neno na weye. Ile chupa, ulinipatia nusu."

"Nusu ndiyo kiasi, mama. Niliacha nafasi ya joto."

"Joto gani? Pale Kasindi askari anafungua, ananusa. Iko pombe. Iko nusu. Anacheka, anasema, mama, umeshatangulia kunywa? Miye, mutu wa chama cha Bikira Maria! Nifike Butembo na chupa nusu yenye kunuka, mutoto wa dada yangu aseme nini?"

Gorret aliweka kikombe cha chai chini, polepole, kama kitu kinachoweza kulipuka. Akauliza alifanya nini.

"Nikajaza. Hapana maji ya muto, nilinunua ya chupa, ya kufungwa. Nikajaza mupaka hapa." Akaonyesha shingoni. "Na ikageuka, mwalimu! Bleu ikakufa, ikakuja rose, muzuri kabisa. Nikasema sawa, hii iko dawa ya kupendana."

Kuna hasira ambayo mtu huitafuta mifukoni mwake mwote na kuikosa. Gorret alilelewa Karusandara na mama ambaye asingerudisha sahani ya jirani bila kutia japo nyanya mbili, na ambaye akitumwa debe la maziwa alihesabu aibu kwa kila tone lililomwagika. Jeanine alikuwa amelinda jina lake. Na la Gorret pia, kwani nani hutuma nusu? Katika yote aliyoyakokotoa, wapangaji saba, vyumba vitano, majirani wanne, siku ishirini na mbili za betri, hakuweka mahali popote mwanamke mwenye heshima zake.

"Nimekosa?" Jeanine akauliza. Sauti ilikuwa imeshuka.

"Hapana, mama. Ulipeleka vizuri."

Ndipo akauliza habari za Xavier, akijitahidi ionekane ni swali la kupitisha chai. Jeanine akaangalia pembeni, kwenye sabuni. Alikuwa amekwenda Kisangani, juma lililopita. Alipitia Beni akalala kwa yule dada wa Jeanine usiku mmoja, sanduku moja, na vikombe vyake vya kioo amevifunga ndani ya soksi. Namba mpya hajatuma bado. Ile ya zamani aliiacha kwa mdogo wake.

"Alingoja, mwalimu. Kila siku alikuwa anasema, nangoja neno la Bwera. Kisha akasema, Bwera imekasirika."

Gorret akashukuru kwa chai. Viatu hakununua. Alikwenda akasimama kando ya daraja la mpakani, pale malori yanapopanga foleni, akaandika ujumbe mrefu kwa Lhukonzo kwenda ile namba ya zamani: kwamba kikombe kilikuwa kikavu, kwamba alijua siku zote kilikuwa kikavu, kwamba mkono wa Xavier hauna maji na haujawahi kuwa nayo. Chini yake ikatokea alama moja tu, ya kijivu. Haujafika. Akaongeza ujumbe wa pili, maneno mawili, asiyokuwa amewahi kumwambia mtu. Alama moja.

Jumatatu iliyofuata alipima unga mkavu, gramu mbili, akaufunga ndani ya kopo la chuma, akaziba kwa nta, akaandika juu yake nanomita mia sita thelathini na nne na jina la Xavier na la kile chuo, aliloambiwa na Jeanine. Jonan alimwona akiomba ruhusa kwa mkuu wa shule. Akachukua vipindi vyake vya wiki mbili bila kuulizwa, akasema tu kwamba kemia ni fizikia iliyokosa nidhamu.

Karibu na soko kuna duka la Mayimuna, anayetuma pesa, anayetoa nakala, na anayekata tiketi za ndege za upande wa pili. Gorret akaweka kopo juu ya kaunta, akauliza, kana kwamba ruhusa ya wiki mbili haikuwa mfukoni mwake, linaweza kufika Kisangani lini. Mayimuna akaligeuza, akalisoma, akasema mizigo isiyo na mwenyewe haipokelewi, na ya unga ndiyo kabisa. Mtu akiwa nalo mkobani, na barua ya shule yenye muhuri, hilo ni jambo jingine. Gorret akauliza basi tiketi ya mtu ni kiasi gani.

Mayimuna akafungua daftari, akapitisha kidole.

Beni hadi Kisangani, kwenda tu, dola mia mbili na arobaini.